Upepo na Shahidi

Upepo hauna rangi wala umbo, na hapana mtu aliyepata kuuona. Tunaona jani likicheza, tanga likifura, vumbi likizunguka njiani, nasi husema kuwa tumeuona upepo. Kwa kweli tumeona jani, na tanga, na vumbi, upepo tumeukisia. Katika mambo ya kila siku kosa hili la usemi halidhuru kitu, kwa maana baharia ye yote wa pwani yetu akilitazama tanga lake hujua pasipo shaka kama kusi imeanza au kaskazi ingali ikivuma. Walakini yako mambo ambayo ndani yake tofauti ya kusikia na kukisia ni kubwa kama tofauti ya haki na dhuluma. Nataka kuyazungumza hayo kwa habari ya upepo ulio mbali nasi sana, yaani upepo wa sayari ya Mirihi, uliopimwa kwa chombo ambacho hakikutengenezwa kwa ajili yake.

Chombo chenyewe ni kipima-matetemeko. Kazi yake ya asili ni kungojea mitikisiko ya ardhi. Ndani yake mna uzito ulioning'inizwa kwa kamani laini. Ardhi ikitikisika ghafula, sanduku la chombo huenda pamoja na ardhi, lakini uzito ule, kama mzee asiyependa kuhamishwa, hubaki nyuma kidogo. Na tofauti ya mwendo wa viwili hivyo ndiyo inayoandikwa. Chombo hakijui sababu. Lori likipita barabarani, mti ukiyumba na mizizi yake ikauvuta udongo, mawimbi ya bahari yakipiga ufuo ulio mbali, ardhi ikipasuka kama ilivyopasuka huko Subukia mwezi Januari 1928, yote huandikwa kwa wino ule ule. Msomaji wa mchoro ndiye aamuaye ni mkono gani ulioandika.

Huenda ukauliza kwa nini watu walijisumbua kukipeleka chombo cha namna hiyo Mirihi, mahali pasipo nyumba ya kubomoka wala mtu wa kuokolewa. Sababu ni kwamba hiyo ni njia iliyo bora ya kuujua undani wa sayari. Daktari humgonga mgonjwa kifuani kwa vidole akasikiliza, akajua palipo na maji na palipo na hewa. Tetemeko ni kigongo cha namna hiyo. Mawimbi yake hupita katika miamba, huenda mbio katika ile migumu, hupunguza mwendo katika ile laini, hupinda na kurudi. Na aliye na sikio jema huweza kusema unene wa gamba la sayari na ukubwa wa kiini chake, naye hajachimba hata shimo la kupanda mhindi.

Mwaka 1976 Wamarekani waliteremsha juu ya Mirihi vyombo viwili vilivyoitwa Viking, cha kwanza tarehe 20 Julai, cha pili tarehe 3 Septemba. Kila kimoja kilichukua kipima-matetemeko. Kile cha kwanza kilikuwa kimefungwa kisivunjike safarini, na siku ya kufunguliwa kifungo kilikataa. Kikawa bubu mpaka mwisho. Cha pili kilifunguka salama. Lakini hakikuwekwa juu ya udongo; kilikaa juu ya mgongo wa Viking yenyewe, na Viking ilisimama juu ya miguu yake mitatu. Hapo ndipo upepo ulipoingia katika habari hii bila ya kualikwa.

Hewa ya Mirihi ni nyembamba mno. Uzito wake juu ya ardhi haufiki hata sehemu moja katika mia ya uzito wa hewa yetu, na karibu yote ni ile hewa ya kaboni ambayo sisi huitoa tunapopumua. Upepo ambao hapa kwetu ungeezua mapaa ya mabati, kule ungemgusa mtu kama upepo mwanana wa jioni. Hata hivyo ulitosha kuitikisa Viking. Kipima-matetemeko kilikaa mchana kutwa kikiandika upepo: upepo wa asubuhi, upepo wa adhuhuri, upepo wa alasiri. Kilikuwa kama mtu aliyetumwa kusikiliza mazungumzo ya chumba cha pili naye ameketi chini ya mti wenye ndege elfu.

Kisha ikaja siku ya 80 tangu kutua, mwezi Novemba 1976. Katika mchoro wa siku ile palionekana mtikisiko wenye sura ya tetemeko. Ulianza, ukakua, ukapungua, kama matetemeko ya huku yafanyavyo. Wataalamu walitafuta mara moja habari za upepo wa saa ile, maana Viking ilikuwa pia na chombo cha kupimia upepo. Wakakuta kuwa saa ile vipimo vya upepo havikuchukuliwa. Huenda kulikuwa shwari kabisa na Mirihi imenena kwa mara ya kwanza. Huenda ulikuwa mkupuo wa upepo. Mchoro wenyewe haukuweza kujitolea ushahidi.

Hebu fikiri jaribu lililokuwa mbele ya watu wale. Fedha nyingi zimetumika, miaka mingi ya kazi imepita, chombo kimoja kimekufa kabla ya kuzaliwa, na hiki cha pili kimeandika jambo moja tu linalofanana na lililotafutwa. Dunia nzima ilikuwa ikingojea habari. Nani angewakatalia? Waliandika kwamba mtikisiko ule yamkini ulikuwa tetemeko, lakini hawawezi kuuthibitisha, kwa kuwa upepo wa saa ile haukujulikana. Basi. Mambo yakaishia hapo.

Niliposoma habari hii kwa mara ya kwanza niliifunga karatasi nikakaa kimya kitambo, kwa sababu ilinikumbusha jambo langu mwenyewe. Nilipokuwa kijana katika shule ya bweni, usiku mmoja sukari iliibwa ghalani. Kitanda changu kilikuwa karibu na dirisha, na dirisha lilielekea ghala. Asubuhi niliitwa nikaulizwa kama nilisikia kitu. Nilisema kweli: nilisikia mlango wa ghala ukigonga mara mbili au tatu, na baada ya kitambo nikasikia kitanda cha jirani yangu kikilia. Mwalimu akaniuliza, "Basi jirani yako alitoka, kisha akarudi?" Nikajibu, "Ndiyo, mwalimu." Yule kijana alipigwa viboko akarudishwa kwao, na muhula ule hakuonekana tena.

Majuma mawili baadaye, usiku wa upepo wa mvua, niliamshwa na sauti ile ile. Mlango wa ghala uligonga mara mbili, ukanyamaza, ukagonga tena. Bawaba yake ilikuwa imelegea. Na vitanda vyetu vya chuma vililia kila mtu alipojigeuza, hata mimi nilipoketi kusikiliza changu kililia. Sisemi kwamba jirani yangu hakuiba. Mpaka leo sijui kama aliiba au hakuiba, na hilo ndilo linalonisumbua: sikujua, nami nilisema ninajua. Asubuhi ile ya pili ningaliweza kwenda kwa mwalimu nikamweleza habari ya bawaba. Sikwenda. Nilijiambia kuwa sikusema uongo, na katika maneno yote niliyotamka juu ya mlango na kitanda hakika sikusema. Uongo wote ulikuwa ndani ya neno moja dogo nililoulizwa nikalikubali.

Watu wengi hudhani kuwa kusema kweli ni kutosema lile unalojua kuwa si kweli. Hiyo ni nusu ya wajibu. Nusu nyingine ni kutosema zaidi ya lile unalolijua, nayo ni ngumu kuliko ya kwanza, kwa maana mwongo hujijua kuwa ni mwongo, ilhali anayezidisha hujiona ni shahidi mwema. Mimi nilikuwa na sauti mbili gizani, nikazifunga pamoja kwa kamba ya dhana, nikamkabidhi mwalimu mzigo uliokwisha fungwa. Wale wataalamu wa Viking walikuwa na mtikisiko mmoja wenye sura nzuri kupita sauti zangu mbili, wakaukabidhi ukiwa wazi, pamoja na tundu lililokuwa ndani yake. Wako wanaowaona kuwa walikuwa waoga. Mimi naona ulihitajiwa ujasiri mkubwa kuliko ule wa kuitangazia dunia tetemeko.

Uaminifu ule ulilipiwa kwa miaka. Toka 1976 mpaka 2019 hapana mtu aliyeweza kusema kwa haki kwamba ameisikia Mirihi ikitetemeka. Wengine walizeeka wakingoja.

Safari nyingine iliyokuja baadaye ilijifunza kwa kosa lile. Chombo chake kiliitwa InSight, na kipima-matetemeko chake kilitengenezwa chini ya uongozi wa Wafaransa, pamoja na wenzao wa Uswisi, Uingereza, Ujerumani na Marekani. Kilikuwa chepesi wa kuhisi kiasi cha kutambua mwendo mdogo kuliko upana wa atomu moja. Kilifungiwa ndani ya tufe la chuma lililotolewa hewa yote. Kilikuwa kiondoke mwezi Machi 2016, lakini mwishoni mwa mwaka 2015 tufe lile lilionekana kuwa linavuja kidogo. Safari ikaahirishwa zaidi ya miaka miwili kwa ajili ya ufa ambao jicho lisingeuona. InSight iliondoka tarehe 5 Mei 2018, ikatua katika uwanda wa Elysium tarehe 26 Novemba.

Na jambo la kwanza kubwa walilolisikia lilikuwa nini? Upepo. Tarehe 1 Desemba 2018 kipima-matetemeko kilikuwa bado kiko juu ya mgongo wa InSight, mahali pale pale pa aibu palipokuwa chombo cha Viking, maana mkono wa chuma ulikuwa haujakishusha. Upepo wa mwendo wa mita 5 hadi 7 kwa sekunde ulitoka upande wa kaskazini-magharibi, ukapita juu ya yale mabapa mawili mapana yanayopokea nguvu ya jua, ukayatetemesha kama matanga, na mtetemo ukaingia katika kipima-matetemeko. Lililokuwa msiba wa mwaka 1976 safari hii lilipokewa kwa furaha. Wataalamu waliugeuza mchoro kuwa sauti, na tarehe 7 Desemba watu wa mataifa yote wakausikia mvumo mzito wa Mirihi.

Sauti ile ilikuwa nzito kiasi cha kugusa mpaka wa chini wa usikivu wa binadamu, na vipaza-sauti vidogo visingeitoa. Kwa hiyo walitoa nakala nyingine iliyopandishwa oktavu mbili, nao walisema wazi kwamba imepandishwa. Nauliza: aliyeisikia nakala ile, je, ameusikia upepo wa Mirihi? Amesikia mtetemo wa bapa, uliopokewa na uzito ulioning'inia, ulioandikwa kwa hesabu, uliorudishwa kuwa sauti na kupandishwa. Kati ya sikio lake na upepo yako malango matano. Walakini yanajulikana malango yote matano, na mlinzi wa kila moja ametajwa kwa jina. Katika kesi ya sukari palikuwa na lango moja tu kati yangu na ukweli, nami sikumwambia mtu kuwa lipo.

Tarehe 19 Desemba mkono wa chuma ulikiinua kipima-matetemeko kwa uangalifu mkubwa ukakiweka juu ya udongo, na tarehe 2 Februari 2019 ukakifunika kwa kawa la kukikinga na upepo na joto. Pembeni viliwekwa vyombo vya kupimia mwendo wa upepo na uzito wa hewa, visikie vyenyewe kila mkupuo, ili mtikisiko wo wote utakapoandikwa pawe na shahidi wa pili wa kuulizwa: je, saa ile kulikuwa na upepo? Hata hapo haikutosha. Usiku wa Mirihi baridi hushuka kupita nyuzi 90 za Selsiasi chini ya sifuri, na chuma cha chombo kilipojikunja kilitoa milio yake chenyewe, milio iliyofanana na habari kubwa nayo si kitu. Ikawa lazima wataalamu wazijue kwanza kelele za chombo chao kabla ya kuzisadiki sauti za sayari. Naona hii ndiyo sehemu iliyo ngumu kupita zote katika kazi ya kusikiliza, si huko Mirihi tu. Mtu mwenye hasira husikia tusi katika salamu. Mwenye hofu husikia nyayo katika bati. Nani anayekaa chini kuzihesabu kwanza sauti za chuma chake mwenyewe?

Tarehe 6 Aprili 2019 tetemeko la kwanza lilisikika, hafifu, saa ambayo upepo ulipimwa ukaonekana hauhusiki. Mpaka mwisho wa safari yalihesabiwa zaidi ya 1,300, na lile kubwa kabisa lilitokea tarehe 4 Mei 2022, lenye kipimo cha 4.7.

Lakini sehemu kubwa ya matetemeko hayo ilisikika jioni na mapema usiku. Mtu mwenye haraka angesema kuwa Mirihi hulala mchana ikatetemeka baada ya jua kutua. Sivyo. Mchana jua huipasha ardhi joto, ardhi huipasha hewa, hewa hupanda na kuzunguka na kuvuma, na hata chini ya kawa kipima-matetemeko hutikiswa. Jua likitua hewa hutulia, na sikio hufunguka. Mchana matetemeko huenda ni mengi vile vile. Yalikuja yakapita, na sisi ndio tuliokuwa viziwi. Nalipenda jambo hili kwa sababu linakataza kosa la pili, lililo ndugu wa lile la kwanza: kudai kwamba lisilosikika halikuwako. Mwalimu wangu angaliweza kusema, kama mimi nisingalisikia lolote usiku ule, kuwa ghala halikuguswa. Na sukari ilikuwa imekwisha kwenda.

Sasa nafika mahali ambapo habari yenyewe inageuka. Mpaka hapa upepo umekuwa adui, na kila chombo kimetengenezwa ili kuukinga, kuupunguza, kuutoa katika hesabu. Lakini wako watu ambao hawakutaka matetemeko. Walitaka hali ya hewa. Kwao kila mchoro uliotupwa kuwa umeharibiwa na upepo ulikuwa dhahabu. Mirihi ina vimbunga vidogo vinavyozunguka kama vile vinyamkera tunavyoviona viwanja vyetu vikikauka. Katikati ya kimbunga hewa ni nyepesi, na kinapopita ardhi iliyo chini yake huinuka kidogo, kama godoro lililoondolewa mzigo, na kipima-matetemeko huhisi ardhi ikiinama upande mmoja na kurudi. Mipigo ya namna hiyo ilipatikana kwa maelfu katika vipimo vya hewa vya InSight, na mingi iliacha alama yake katika ardhi. Na ajabu ni kwamba kamera za InSight hazikupata hata picha moja ya nguzo ya vumbi ikitembea. Jicho halikuona kitu, na udongo ulijua.

Kuna zaidi ya hapo. Kadiri vumbi lilivyoyafunika mabapa yake, InSight ilipungukiwa na nguvu, na vyombo vya kupimia upepo vikawa vinazimwa mara kwa mara ili kipima-matetemeko kiendelee. Basi palikuwa na siku nyingi ambazo upepo haukuwa na mpimaji, kama ile siku ya 80 ya Viking. Lakini safari hii palikuwa na akiba: miezi mingi ambamo vyombo vyote viwili vilikuwa macho pamoja, kimoja kikipima upepo, kingine kikitikiswa nao. Wataalamu walizifundisha kompyuta kwa siku zile za ushirika, mpaka zikajua mtikisiko wa namna hii ni wa upepo wa mwendo huu kutoka upande huu. Kisha wakazipa mitikisiko ya siku zisizo na mpimaji, nazo zikataja mwendo wa upepo na upande wake. Hivyo chombo kilichofunikwa kisiguswe na upepo kikawa mwandishi wa upepo.

Hapa mpinzani ana haki ya kusimama. Atasema: Umetuambia tusikisie, na hiki ni nini kama si kukisia? Naona hoja yake ina nguvu, wala sitaki kuipita mbio. Ni kweli kwamba upepo wa siku zile haukupimwa na kipima-upepo. Lakini kukisia kuna namna mbili. Baharia niliyemtaja hapo mwanzo hukisia upepo kwa tanga, lakini amekaa miaka na tanga na upepo pamoja, ameona mara elfu hili likijibu lile, na akikosea bahari humsahihisha siku ile ile. Mimi sikuwa nimekaa na mlango wa ghala. Sikuwa nimeusikiliza usiku wa shwari na usiku wa upepo nikajua tofauti. Hazikuwako siku za ushirika kati ya sauti niliyoisikia na jambo nililolidai. Tena wataalamu wale walijipima: zilikuwako siku walizozificha, ambazo kompyuta hazikufundishwa kwazo, wakalinganisha jibu lao na kipimo cha kweli, wakasema kosa lao ni la kiasi gani. Ukisema kosa lako ni la kiasi gani, umempa msikilizaji nafasi ya kukukatalia. Mpinzani akisisitiza kwamba hata hivyo haiwi sawa na kupima, nitamkubalia; upepo wa namna isiyopata kutokea mbele ya vyombo vyote viwili huenda ungeidanganya kompyuta. Hilo nalo laweza kusemwa wazi.

Wala si mara ya kwanza katika elimu hii kwa kelele ya mmoja kuwa habari ya mwingine. Mwaka 1889 Mjerumani Ernst von Rebeur-Paschwitz alikuwa Potsdam na pembea nyepesi sana, akitafuta namna ardhi inavyoinama polepole kwa mvuto wa vitu vya mbinguni. Tarehe 17 Aprili mchoro wake uliharibika ghafula kwa mtikisiko asioutaka. Baadaye alisoma kwamba siku ile Japani ilitetemeka, akalinganisha saa na saa. Hivyo ikajulikana kuwa tetemeko laweza kusikika upande wa pili wa dunia, na elimu nzima ya matetemeko ya mbali ikazaliwa katika karatasi ambayo mtu mwingine angeitupa.

Mwisho wa InSight nao uliletwa na upepo, kwa kutofanya kazi iliyotumainiwa. Vyombo vingine vya Mirihi vilivyotangulia vilibahatika: mikupuo ilipita ikayafagia mabapa yao, wakaishi miaka mingi. InSight ilihesabu vimbunga kwa maelfu, na vumbi likabaki pale pale. Mwezi Mei 2021 wataalamu walijaribu jambo ambalo nilipolisoma nilicheka, kisha nikaacha kucheka. Waliuamuru mkono wa chuma uchote mchanga na kuumwaga kidogo kidogo karibu na bapa, saa za adhuhuri upepo ulipokuwa mkali kabisa, ili chembe kubwa zirukeruke juu ya bapa na kulikokota vumbi laini. Wakamwaga mchanga juu ya chombo kilichokuwa kikifa kwa vumbi. Na nguvu ikaongezeka kidogo. Wakarudia tena na tena.

Mwezi Juni 2022 ilibidi wachague. Wangeweza kukizima kipima-matetemeko ili InSight iishi muda mrefu zaidi ikiwa kiziwi, au wakiache kisikilize na maisha yafupike. Waliacha kisikilize. Neno la mwisho lilifika duniani tarehe 15 Desemba 2022, na tarehe 21 safari ikatangazwa kuwa imekwisha. Kipima-matetemeko kingali huko Elysium chini ya kawa lake, na kila adhuhuri upepo humtikisa mwandishi asiye na wino. Mtikisiko wa siku ya 80 wa Viking nao bado umo katika kumbukumbu za mwaka 1976. Wataalamu wameurudia mara kadhaa kwa maarifa mapya, na karibu na saa yake, mahali pa kuandikia upepo, hapana kitu.